Sababu za Kuchelewa za Mkuu wa Stesheni

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyeipitisha Lualaba katikati ya mji wetu bila kuomba kibali cha ofisi yoyote, na akatugawia subira kwa kipimo kikubwa, maana alijua tutaishi Kindu. Namshukuru kwa umri alionipa, kwa macho ambayo bado yanasoma, na kwa majirani, wale wepesi na wale wazito. Rehema na amani zimfikie Mtume wake. Baada ya hayo nataka kumweleza jirani mmoja mzito.

Alikuwa mkuu wa stesheni ya gari la moshi. Jina la ubatizo alikuwa nalo, refu la Kilatini, lakini sisi wa Alunguli, ng'ambo hii ya mto, tulimwita Shefu, na mke wake Mama Shefu, tukaridhika. Alizaliwa wapi sitasema, kwa kuwa mwenyewe alishikilia kwamba mtu huanza kuhesabiwa siku anapopewa kofia. Ya kwake ilikuwa nyekundu zamani. Nilipomjua ilikuwa imefikia rangi ya mchuzi wa mawese, na bado aliivaa kwenda kununua chumvi.

Stesheni iko ng'ambo ile, upande wa Kasuku, kwa hiyo kila asubuhi alivuka mto kwa mtumbwi akiwa amesimama, kama bendera. Wavushaji walimsihi akae. Alijibu kwamba mukubwa wa relwe hakai ndani ya chombo kisicho na namba. Mungu akamhurumia, hakuanguka hata mara moja, jambo ambalo wengi wetu tulilingojea kwa miaka.

Maneno yake mashuhuri yalikuwa haya: "Gari haichelewi. Gari iko njiani." Nilimsikia akimwambia mama mmoja aliyekuwa amelala juu ya magunia yake ya mpunga pale stesheni hadi mpunga ulipoanza kuota.

"Shefu, iko njiani tangu juma lililopita!"

"Njo hivyo, mama. Ile inaonyesha njia njo murefu. Haionyeshi gari njo mubaya."

Alisema hivyo, kwa "njo" yetu ya Kindu iliyo "ndiyo" ya wengine, kwa upole wa padri anayeungamisha. Mama yule alimtukana kwa lugha tatu, naye akaandika kila kitu katika kitabu chake, isipokuwa matusi.

Kitabu hicho lazima nikieleze, kwa maana ndani yake ndimo imani yake ilimokaa. Kila stesheni ilikuwa na daftari kubwa lenye safu: saa ya gari kufika, saa lilipofika kweli, na safu ya mwisho, pana kuliko zote, sababu ya kuchelewa. Alinieleza sheria ya daftari hilo mara nyingi kuliko nilivyowaeleza wanafunzi wangu nguzo za Uislamu. Kuchelewa saa mbili bila sababu ni kosa, na mtu anaweza kuvuliwa kofia. Kuchelewa siku nne kwa sababu iliyoandikwa, yenye tarehe na saini, si kuchelewa, ni kazi. Aliwahi kumwona mkaguzi akimpigia kelele mkuu mwenzake wa kundi la kwanza na kumpa mkono yule wa kundi la pili. Kuanzia siku hiyo aliamini kwamba dunia yote inaendeshwa hivyo, na mbingu pia. Kanisani aliingia baada ya mahubiri, akasimama nyuma, akamnong'oneza katekista sababu yake, akakaa kwa moyo mweupe.

Nyumbani mambo yalikuwa mengine. Mtu huyo aliyeweza kungojea gari mwezi mzima hakuweza kungojea chai. Ikichelewa aligonga kikombe kwa kijiko, na hakukuwa na sababu iliyokubalika, iwe kuni mbichi au mvua. Rushwa hakupokea maisha yake yote. Samaki alipokea, kwa hoja kwamba samaki akishakufa hawezi kurudishwa mtoni.

Sasa nije kwenye nyumba. Alikuwa ameinunua kutoka kwa mfanyabiashara mmoja wa Kivu aliyefunga duka na kurudi kwao. Kusema nyumba ni ukarimu. Ilikuwa ya miti na udongo, paa la majani, juu ya msingi mzuri wa matofali ambao mwenye mali aliuanza kwa tamaa na kuuacha kwa busara. Karatasi ya mauzo ilikuwepo. Kilichobaki ni ushuru wa stempu, ule anaodaiwa mtu aliyenunua ili jina la zamani lifutwe na jina jipya liandikwe. Bila ushuru huo hakuna hati, na bila hati mtu ni mpangaji wa maneno yake mwenyewe.

Naye alikuwa na haja kubwa ya hati hiyo. Mungu hakuwajalia watoto. Shefu aliwajua ndugu zake wa Kibombo kama alivyojua ratiba, na alitaka jina litakaloandikwa liwe la mke wake, lisiwe lake. "Mualimu," aliniambia, "nikifa bila karatasi, ndugu zangu watamutoa huyu mwanamuke mbele maji ya kuniosha haijakauka. Watalia sana. Watalia wakibeba vitanda." Nilitaka kumpinga kwa ajili ya heshima ya undugu, lakini nilikuwa nimesimamia mirathi mingi mno.

Vita vikaja kabla hajalipa. Walioushika mji walikaa Kasuku, vijana wa msituni wakakaa upande wetu, na mto ukafungwa. Ulifungwa kwa watu, kwa chumvi, kwa sabuni, kwa dawa ya malaria. Karatasi ya ushuru ilipita. Sijui ilivukaje. Siku moja tu ilikuwa mkononi mwa Shefu, imegongwa muhuri vizuri, nami nikamsifu Mungu kwamba hata katika maangamizi kuna kazi zisizosimama.

Karatasi ilisema anadaiwa ushuru kwa "nyumba ya matofali ya kuchoma, vyumba vinne, paa la mabati." Tuliisoma tukiwa tumekaa chini ya majani yaliyovuja. Mama Shefu alitazama juu, akatazama karatasi, akauliza vyumba vingine viwili viko upande gani, apate kuvifagia.

Chini kwa herufi ndogo iliandikwa kwamba asiyekubali ana siku thelathini kupeleka pingamizi lake katika ofisi, Kasuku. Ofisi ilikuwa mbele ya macho yetu, ng'ambo. Ungeweza kuhesabu madirisha yake. Aliyejaribu kuvuka alipigwa risasi na upande mmoja kama adui, na akiponea, upande wa pili ulimngoja kama mpelelezi.

Hapo ndipo jirani yangu alipofanya kosa ambalo mtu wa relwe peke yake angelifanya. Hakulalamika wala hakutafuta njia ya wizi. Alitoa daftari la stesheni alilokuwa ameliokoa, akapiga mistari kwenye kurasa tupu, akaandika juu: Pingamizi la ushuru. Kisha kila siku, kila siku ya Mungu, akaandika sababu ya kuchelewa na kuitia saini.

Nilimwambia, "Shefu, ofisi ya ushuru si gari la moshi."

"Serikali ni moja, Mualimu. Mutu yenye kuandika sababu hachelewi."

"Serikali gani? Hii ya ng'ambo?"

"Yoyote yenye kuwa na muhuri."

Nilizisoma baadhi ya kurasa hizo. "Mto umefungwa. Mitumbwi yote imechukuliwa." "Mto ulifunguliwa asubuhi, ukafungwa sijamaliza kuvaa viatu." "Mkuu wa ofisi amekimbia, hakuna wa kupokea." "Mkuu mpya amekuja, mto umefungwa." "Jumapili." "Mke ana homa, dawa iko ng'ambo, pamoja na ofisi." "Leo risasi. Sababu inaeleweka." Tulipokimbilia mashambani, siku saba za mguu, aliandika huko pia, kwenye goti lake. Mama Shefu hakulisahau hilo. "Sufuria tuliacha," husema hadi leo, "kitabu tulibeba. Ukitaka kujua tulipikia ndani ya nini, uliza kitabu."

Amani ilipotangazwa, namshukuru aliyeileta, Shefu alikung'uta kofia yake vumbi, akanichukua niwe shahidi, tukavuka. Yeye alisimama. Ofisini tulimkuta karani mmoja, shati jeupe, adabu nyingi. Alisoma pingamizi, akafunua daftari kurasa mbili, akalisogeza kwa kidole kimoja.

"Papa, umechelewa. Miaka."

"Sikuchelewa. Sababu iko humo yote."

"Muda ilikuwa siku thelathini, papa."

"Na mto ulifungwa siku ngapi?"

"Mto haiko kazi ya ofisi hii."

"Sawa. Wale walituma hii karatasi, wako wapi?"

Karani alishusha sauti kama mtu anayetaja ugonjwa. "Wale walikuwa waasi, papa. Serikali haiwatambui."

"Na karatasi yao?"

"Karatasi tunatambua."

Nimesoma elimu ya mirathi tangu ndevu zangu zikiwa nyeusi. Nimeona warithi wanaogombana juu ya jembe, na wanaogawana kuku aliye hai. Lakini sijapata kumwona mrithi anayemkana marehemu mlangoni na kupitia dirishani kuchukua mali yake. Elimu haina mwisho, na Mungu hunifunza hata ndani ya ofisi.

Kesi ikaenda mahakamani, na huko Shefu alikutana na wakubwa wa kuchelewa. Hakimu wa kwanza alihamishwa. Wa pili alingojewa. Jalada likaliwa na mchwa upande wa kushoto, likasubiri kuandikwa upya. Kila mara tulivuka, tukaambiwa turudi, naye aliwagombeza makarani kwa uchungu wa kweli: "Munachelewa bila kuandika! Hamuna hata safu!" Walimpenda. Walimpa benchi lake.

Mimi, kwa udhaifu wangu, nilichoka kabla yake. Nilimwendea nikamwambia alipe tu. Watu wa msikiti walikuwa tayari kuchanga, na parokia yake pia, wapate hati na mke wake alale salama. Alinitazama kwa huzuni.

"Nikilipa kwa mabati sina, nimesaini uongo. Wewe njo unafundisha watoto uongo ni haramu. Ama kwa wakatoliki unaruhusu?"

Aliyejibu ni Mama Shefu, toka jikoni, bila kujionyesha: "Ukufe leo na ukweli wako. Kesho nitalala ndani ya huo ukweli, utanifunika na mvua."

Shefu aligonga kikombe chake kwa kijiko, lakini taratibu, na chai ilikuwa tayari mbele yake.

Nadhani ni neno hilo lililomwingiza kwenye ujenzi. Hakuwa tayari kulipa uongo, lakini hakuweza tena kumwona mke wake akikinga matone kwa bakuli. Malimbikizo ya mshahara yalikuja kidogo kidogo, kama gari lake, na Mama Shefu alipiga matofali kwa mikono yake mwenyewe kutoka udongo wa bondeni, akayachoma, akauza mchele, akaongeza. Ukuta mmoja mwaka huu, mwingine mwaka unaofuata. Kesi ilikwenda kwa mwendo uleule. Ukitaka kujua kesi imefika wapi ulitazama ukuta.

Hatimaye aliletwa hakimu mwanamke, wa makamo, miwani kwenye ncha ya pua. Wakili wa ofisi alisimama akasema maneno machache sana: siku thelathini, na hapa kuna miaka, daftari la treni si hati ya sheria. Akakaa. Hakimu akamwita Shefu.

"Papa, hii kitabu njo nini?"

"Njo sababu, mama hakimu."

Hakimu akaanza kuzisoma kwa sauti. Alipofika kwenye viatu watu walicheka, na karani akacheka, na wakili akatabasamu kwa ajili ya adabu. Alipofika kwenye Jumapili wakacheka zaidi. Akafunua. "Leo tumezika watu sita wa mtaa wetu. Sikufikiria ushuru." Akafunua. "Leo pia." Akafunua tena, na sasa hakusoma kwa sauti, alisoma peke yake, muda mrefu, nasi tukabaki tunasikiliza kurasa zikigeuka. Wengi mle ndani walikuwa na siku zao katika kurasa zile, wala hakuna mwingine aliyekuwa ameziandika.

Uamuzi wake ulikuwa mfupi. Siku haziwezi kuhesabiwa juu ya mto ambao mtu hawezi kuuvuka. Pingamizi limefika kwa wakati. Ofisi iende Alunguli, iitazame nyumba kwa macho, iandike upya ilichokiona. Hivyo kosa la jirani yangu likawa sheria, na mimi niliyemwambia kwamba ofisi si gari la moshi nikabaki na elimu yangu mkononi. Tulirudi na vigelegele. Mvushaji alikataa nauli.

Mwezi uliofuata ofisi ilitii, kwa haraka iliyotushangaza wote. Akaja mpimaji, kijana mwaminifu, hakuomba hata soda. Alizunguka nyumba mara mbili, akagonga ukuta, akahesabu milango, akaandika. Kisha akasoma, kama ilivyo kanuni: "Nyumba ya matofali ya kuchoma, vyumba vinne, paa la mabati."

Shefu alitoa ile karatasi ya vita mfukoni, akaziweka mbili pamoja juu ya meza. Neno kwa neno. Wale waliokaa Kasuku, ambao serikali haiwatambui, walikuwa wametabiri. Nimesoma habari za manabii, na sikuona wengine waliotimiziwa kikamilifu hivi kwa jasho la waliowapinga. Mama Shefu alianza kucheka akiwa amesimama, akaendelea akiwa amekaa, akamalizia kichwa kikiwa kwenye magoti. Nilingojea Shefu apinge. Alikuwa na haki ya kupinga. Siku thelathini mpya zilikuwa zimeanza, na mto ulikuwa wazi.

Aliomba kalamu.

"Hii sasa njo kweli," alisema. "Kweli haipingwi."

Mchango aliokuwa ameukataa aliupokea, wa msikiti na wa parokia, na akalipa juma lile lile, yeye aliyenifundisha kwamba haraka ni ukosefu wa sababu. Ofisini walimuuliza jina la mwenye nyumba. Akalitaja.

Mara ya mwisho ya kukaa naye sawasawa ilikuwa mwaka huu, baada ya mvua. Miguu yake imevimba, hatoki tena; hulala kwenye godoro barazani, kofia pembeni. Nilikwenda kumjulia hali nikawakuta ndugu wawili kutoka Kibombo, wamefika kwa pikipiki ya motari wa kukodiwa kuleta pole. Walikuwa na huzuni nyingi, na kwa bahati njema mmoja wao alikuwa na kamba ya kupimia kwenye mfuko.

Mama Shefu alikuwa amepika wali, sombe ya majani ya muhogo na samaki. Walikula vizuri, kama wanavyokula watu wenye huzuni. Kisha mkubwa wao akapangusa mdomo.

"Shemeji, kaka iko namna unamuona. Tumesema tupange mambo mapema, isilete maneno. Upande hii ya nyuma, mbele ya choo..."

"Ngoja, shemeji," alisema Mama Shefu. Akanawa mikono, akaingia ndani, akatoka na karatasi iliyofungwa ndani ya mfuko wa plastiki. Hakumpa yeye. Alinipa mimi. "Mualimu, tusomee. Miye macho haioni."

Macho yake yanaona mbegu ya mchicha mchangani. Nikasoma. Kiwanja, mipaka, mtaa, Alunguli. Mwenye mali. Nikalisoma jina.

Ndugu walitazamana. "Huyo njo nani?" aliuliza mdogo, kwa dhati.

Namwomba Mungu msamaha, kwani mimi pia, jirani wa miaka hiyo yote, ningeuliza vivyo hivyo kama nisingekuwa na karatasi mkononi. Lilikuwa jina zuri, la kwao, fupi. Hakuna mtu Alunguli aliyewahi kumwita nalo.

"Njo miye," alisema Mama Shefu. "Ongeza wali, shemeji. Motari anawangojea inje."

Mkubwa wao akageukia godoro. "Kaka, na wewe?"

"Miye?" alisema Shefu bila kufumbua macho. "Miye niko mugeni hapa. Nikipewa, ninakula."

Waliaga vizuri, na waliondoka kabla ya adhuhuri, kamba ikiwa bado mfukoni. Sauti ya pikipiki ilipokwisha, nilifikiri amelala, nikanyanyuka taratibu. Akanishika nguo.

"Mualimu, soma tena."

"Nisome wapi?"

"Pale pa jina."

Nikasoma tena, polepole, kwa sauti ya kufundishia. Mama Shefu alikuwa mlangoni akimfukuza kuku ambaye sikumwona. Akasimama, mkono ukiwa bado hewani, akaitika.

Ewe uliyesoma hadi hapa, Mungu akupe nyumba isiyovuja na jina lako juu yake, akufungulie kila mto uliofungwa mbele yako, awape jirani zako subira juu yako kama alivyonipa mimi, na asikuondoe duniani kabla ya anayekupenda hajalitaja jina lako mbele ya mashahidi. Amina.